Lionel Barrymore alikuwa mtu wa redio

Ukimtaja Lionel Barrymore, mwigizaji wa Marekani, wengi humkumbuka mzee bahili kwenye kiti cha magurudumu katika filamu ya Krismasi ya 1946. Naona tunampunja. Kazi yake iliyokomaa kuliko zote ilikuwa ya sauti tupu.

Alizaliwa Philadelphia 1878 katika ukoo wa waigizaji, ingawa moyo wake ulikuwa kwenye uchoraji, akaenda hadi Paris kuusomea. Jukwaa ndilo lililoilea sauti yake. Bila kipaza sauti, neno lazima limfikie aliyekaa safu ya mwisho, kwa hiyo pumzi inatoka tumboni na mwisho wa neno haumezwi. New York ilimshangilia 1918. Mwaka 1921 alijaribu Macbeth, tamthilia ya Shakespeare, ikaanguka vibaya.

Kwenye filamu bubu, alizoanzia kwa mwongozaji D. W. Griffith, sauti hiyo haikuwa na kazi. Mikanda ya wakati ule haikuiona rangi nyekundu: mdomo uliopakwa rangi ulitoka mweusi, macho ya buluu yakapauka. Ishara kubwa za jukwaani zilichekesha mbele ya kamera, ikabidi ajifunze kuzituliza. Filamu zilipoanza kusema, akapata Oscar kwa A Free Soul ya 1931. Kisha nyonga ikavunjika, ikavunjika tena, baridi yabisi ikaongezea. Kufikia 1938 alikuwa anaigiza amekaa.

Redio haikumdai miguu. Tangu 1934 alikuwa Scrooge, yule bahili wa hadithi ya Charles Dickens, A Christmas Carol, iliyorushwa hewani kila Krismasi. Mwaka 1936 mkewe Irene Fenwick alifariki mkesha wa sikukuu, nduguye John akashika nafasi. 1938 akaishika mwigizaji na mwongozaji Orson Welles.

Kazi yenyewe ni ngumu kuliko inavyosikika. Kipaza sauti cha utepe, kinachonasa sauti kwa utepe mwembamba wa chuma na kilichotawala studio za miaka ile, husikia mbele na nyuma lakini pembeni ni kiziwi. Waigizaji husimama pande mbili wakitazamana. Anayetaka kusikika yuko mbali hapazi sauti. Anarudi hatua moja au mbili, au anageukia upande ule usiosikia. Ukikisogelea, besi inavimba, na mkoromo wa mzee kama Barrymore unajaza chumba. Lakini ukitamka “p” au “b” ukikielekea moja kwa moja, upepo unaupiga utepe na msikilizaji anasikia kishindo. Zungumza kwa mshazari. Ng'oa pini kwenye kurasa mapema, maana karatasi ikichakarika husikika kama moto. Anayesoma amekaa ana tatizo lake: akiinamia karatasi, kidevu kinabana koo na pumzi inakatika. Karatasi ipande usawa wa macho, kipaza sauti kishuke.

Wengi waliotoka jukwaani waliharibikiwa kwa kusukuma sauti. Fundi mitambo huishusha, na mnong'ono unaofuata unapotea kabisa. Barrymore alikuwa na dawa nyingine. Ukimya mrefu hewani humfanya mtu adhani stesheni imekatika, naye aliujaza kwa kuguna, kuvuta neno, kuhema. Hiyo waliyoiita mikogo ya mzee, kwangu ni ufundi mtupu.

Kuanzia 1942 hadi 1949 alikuwa mhusika mkuu wa mchezo wa redio Mayor of the Town, mwigizaji Agnes Moorehead akiigiza mtunza nyumba wake. Anayetaka kumjua aanze na rekodi ya Scrooge ya Desemba 24, 1939, Welles akiwa msimulizi. Tumia spika za masikioni, usikilize pumzi zake kati ya maneno.