Brock kabaki na nani?

Breaking Bad, ile sizoni ya Marekani ya Walter White, mwalimu wa kemia anayegeuka mpika madawa, iliisha Septemba 29, 2013 lakini huku Arusha kila mwaka kuna watu wapya wanaianza, wanawekewa sizoni zote tano kwenye flashi, wanakesha nayo alafu wanakuja kijiweni na hasira zao. Na kila kundi likifika mwisho lazima kuna mmoja atauliza habari za Brock. Na akiuliza tu machalii watamcheka, watamwambia ni muvi bana, stori ilikuwa ya Walter White sio ya mtoto wa demu wa Jesse, acha kulia. Mi naandika kwa ajili ya hao wanaochekwa, maana naona hawajaeleweka na hoja yao ni nzito kuliko inavyochukuliwa. Upande wa pili nao una maneno ya maana na nitayasema. Kama hujaimaliza ishia hapa, hili huwezi kulijadili bila kugusa mwisho.

Kwa aliyesahau: Brock Cantillo ni mtoto wa Andrea, yule dada ambaye Jesse Pinkman, kijana anayepika na Walter, anaanza naye sizoni ya tatu. Dogo haongei sana. Sizoni ya nne analishwa sumu ya mmea wa lily of the valley, na mpango ni wa Walter, alitaka Jesse aamini kwamba Gus Fring, bosi wao wa madawa, ndo anaua watoto ili arudi upande wake. Dogo anapona. Sizoni ya tano mama yake anauawa. Basi, baada ya hapo hatumuoni tena.

Wanaosema waandishi walifanya sawa wana hoja ambazo siwezi kuzipuuza. Kwanza kamera ya Breaking Bad inakaa na watu wachache, na mtu aliyekuwa anamjali Brock ni Jesse, Jesse mwenyewe yuko kwenye minyororo kwa kina Jack, genge la wauaji, anapikishwa madawa, hawezi kumuona dogo kwa hiyo na sisi hatumuoni. Pili, ukipiga hesabu za stori dogo yuko salama. Kina Jack walimtaka akiwa hai, maana baada ya kumuua Andrea wanamkumbusha Jesse kwamba mtoto bado yupo, yani ndo kamba waliyobaki nayo ya kumfungia. Alafu kwenye episodi ya mwisho, Felina, genge zima linafagiliwa na ile bunduki ya Walter ya kwenye buti la gari, na Todd, kijana wa genge hilo, ananyongwa na Jesse kwa mnyororo. Hakuna aliyebaki wa kumfuata mtoto. Na ya tatu ndo naiheshimu zaidi, kwamba kumuonyesha dogo analia juu ya mwili wa mama yake ingekuwa kututafutia machozi kwa nguvu, waandishi wakajizuia, na kujizuia ni kazi ngumu.

Sawa. Ila kuwa salama na risasi ni jambo moja, kulelewa ni jingine.

Hili nililiona waziwazi saluni moja ya Kijenge ambako tv inapiga sizoni kuanzia asubuhi mpaka wanafunga. Ilikuwa episodi inaitwa Granite State, ya pili kutoka mwisho, pale Todd anagonga mlango usiku, anaongea kwa adabu kabisa, anamwambia Andrea kwamba yeye ni rafiki wa Jesse na Jesse yuko palee kwenye gari. Dada wa watu anatoka barazani, ananyoosha shingo amtafute, anapigwa risasi ya kisogoni, na Jesse kwenye gari anaona kila kitu. Msusi alikuwa amebakiza mistari michache kichwani kwa mteja, akasimama na rasta mkononi akauliza sasa mtoto anabaki na nani? Habari za Jesse wala hakuziuliza. Mteja akamjibu harakaharaka, si atachukuliwa na mjomba wake. Ndo binti mmoja aliyekuwa anaanika taulo, yeye ameiangalia toka mwanzo, akamwambia mjomba gani, mjomba wake si alikuwa Tomás, na Tomás si aliuawa kulekule sizoni ya tatu akiwa na miaka 11?

Mi nimeimaliza hii sizoni zamani na sikuwahi kuwaza kwamba Tomás ni mjomba wa mtu. Kwangu alikuwa yule dogo wa baiskeli aliyetumwa kumuua Combo, rafiki wa Jesse, nikamweka kwenye fungu la watoto waliotumiwa na wauza madawa nikaendelea. Ila mtu anayefikiria mtoto atalala wapi leo anamuona mara moja, yule ni mdogo wake mama, na hayupo. Baba wa Brock hatumjui. Mama kafa, mjomba kafa. Jesse aliyekuwa anaelekea kuwa baba wa kambo kafungwa, alafu akifunguliwa anakuwa mtu anayesakwa na polisi nchi nzima. Anabaki yule bibi mzee wa familia tuliyemuona sizoni ya tatu, kama bado ana nguvu, na asipokuwepo basi ni serikali ya New Mexico impeleke kwa watu wa kumlea asiowajua.

Huku kwetu mtu akifa akaacha mtoto mdogo hilo swali linaulizwa kabla turubai la msiba halijashushwa. Ukoo unakaa, nani anamchukua, nani analipa ada, shangazi wa Marangu anasema ana nafasi, baba mdogo anasema subirini kwanza. Sio kwamba kila mara wanaamua vizuri, pita stendi ya Moshi usiku au katikati ya mji Arusha utawaona watoto ambao kikao chao kiliamua vibaya au hakikukaa kabisa. Lakini swali linaulizwa, kwa sauti, mbele za watu. Kwa hiyo mtu aliyekulia huku akifika mwisho wa Breaking Bad akauliza mtoto yuko wapi, usimwambie hajui kuangalia muvi. Ameangalia kwa makini kuliko wewe unayehesabu maiti za kina Jack.

Na kingenisumbua kidogo tu kama hii ingekuwa sizoni inayosahau vitu. Haisahau! Ile sigara yenye sumu ya ricin inapotea sizoni ya nne, Jesse anakuja kuelewa ilivyoibiwa kwenye Confessions huko sizoni ya tano, na ricin yenyewe inaishia kwenye chai ya Lydia, mshirika wao wa biashara, episodi ya mwisho kabisa. Walter anamwachia mkewe Skyler tiketi ya bahati nasibu yenye namba za mahali walipofukiwa wapelelezi Hank na Gomez, ili familia zao zikazike watu wao. Na hela! Mi hapa kwenye hela huwa nakwama kila nikiirudia. Dola milioni 9.72. Walter anazibeba mpaka nyumbani kwa Gretchen na Elliott, rafiki zake wa zamani matajiri, zinapangwa mezani, anawaambia zifike kwa mwanae Flynn akitimiza miaka 18, na anawatisha kwamba kuna wauaji wa kukodi watawafuatilia wasipofanya hivyo. Imeoneshwa hatua kwa hatua, nani apokee, lini, kwa kisingizio gani, nani atasimamia. Mtoto wa Walter kapangiwa maisha kwa karibu milioni kumi za dola. Mtoto ambaye Walter alimlisha sumu, ambaye mama yake kauawa na kijana aliyefundishwa kazi na Walter mwenyewe, kwenye hiyo episodi hana senti na hana sekunde.

Utaniambia huyo ndo Walter, hakuwa na sababu ya kumkumbuka Brock, na hiyo ndo roho yake. Kweli. Na waandishi walituonyesha hiyo roho vizuri sana pale walipotaka. Kuna ile ya Hazard Pay, Walter na Brock wamekaa kochi moja sebuleni kwa Jesse, Andrea kaingia jikoni, dogo anacheza gemu lake, mzee amekaa karibu yake anamtazama, hakuna anayeongea. Haifanyiki kitu lakini unatamani kuingia kwenye skrini umtoe dogo pale. Alafu kwenye To'hajiilee Walter anaenda nyumbani kwao asubuhi, anamsemesha dogo akiwa mezani anakula kifungua kinywa kwenye bakuli, anaongea naye kama babu mwema, kumbe kaja kumtumia mama mtu ili Jesse anaswe.

Pale mezani ndo tunaagana na Brock wa nyama na damu. Episodi inayofuata, Ozymandias, amekuwa picha, yuko na mama yake kwenye picha iliyobandikwa maabara ili Jesse aione apike. Na kwenye El Camino, ile muvi ya Oktoba 11, 2019 inayoendeleza habari za Jesse, amebaki jina kwenye bahasha. Mtoto, picha, jina. Sidhani kama waandishi walikaa wakapanga iwe hivyo, nadhani alikuwa anawaponyoka tu taratibu kila stori ilivyozidi kushika kasi.

Kuna wanaosema kutokujua ndo adhabu yetu watazamaji, tubaki na kidonda. Ningekubali kama Felina ingetuacha na kidonda. Haituachi. Inatuacha na Jesse anavunja geti na gari, analia na kucheka kwa pamoja, na sisi tunapumua naye, na ile furaha inafunika kila kitu, unazima tv umeridhika. Mi niliridhika, najua wengi waliridhika. Kidonda usichokisikia sio kidonda, hapo mtoto kasahaulika tu.

Wanaponishika kidogo ni kwenye ile barua. Mwisho wa El Camino Jesse yuko Alaska, anampa Ed, mzee aliyemtorosha, bahasha yenye jina la Brock aitume, na hatusomewi kilichoandikwa. Ni uamuzi mzuri, sitaki kudanganya. Maneno ya Jesse kwa yule dogo ni yao wawili, na ukikumbuka Jesse ndo mtu anayehesabu watoto kwenye stori hii inakaa vizuri zaidi. Ndo huyuhuyu aliyempelekea wakili wao Saul mifuko miwili ya dola milioni 2.5 kila mmoja, mmoja wa mjukuu wa Mike, aliyekuwa mtu wa kazi wa Gus, mwingine wa wazazi wa Drew Sharp, yule kijana wa pikipiki aliyepigwa risasi na Todd jangwani, ila Walter akamrudishia hela zake. Kwa hiyo barua inatuambia Jesse hajasahau. Ila haituambii inafika kwa nani. Mtoto mdogo hapokei barua mwenyewe, inapokelewa na mtu mzima, na huyo mtu mzima ndo kitu kizima tunachouliza!

Na nafasi ya kumtaja ilikuja tena. Mwaka 2022, kwenye Better Call Saul, sizoni nyingine ya huyo wakili, episodi ambayo jina lake ni Breaking Bad, Saul akiwa mafichoni anampigia Francesca, aliyekuwa katibu wake, simu amweleze yaliyotokea Albuquerque baada ya wote kutawanyika. Francesca anamhesabia mmoja mmoja. Skyler kapata makubaliano yake na serikali. Gari ya Jesse imekutwa mpakani. Huell, yule bonge mlinzi wa ofisini, ameachiwa karudi kwao New Orleans. Hata Huell! Watu walikaa miaka tisa wakijiuliza Huell yuko wapi, wakajibiwa. Na anayeuliza ni Saul, mtu aliyekuwa anapelekewa hela na Jesse amfikishie Andrea, mlango wa ile nyumba anaujua. Haulizi. Na Francesca haongezi. Muda ulikuwepo, mtu wa kuuliza alikuwepo, wa kujibu alikuwepo kwenye laini. Sentensi moja ingetosha, yule mtoto wa Andrea yuko kwa bibi yake, au yule mtoto alichukuliwa na serikali hakuna anayejua alikopelekwa, yoyote kati ya hizo mbili ningeipokea.