Filamu ya Manusura Ianze Kuonyeshwa Nyumbani

Mama mmoja wa hapa Malindi alinijia juzi na simu ya mwanawe. Amesikia yeye mwenyewe yumo kwenye filamu ya Shakahola, msitu wa huku kwetu ambako wafuasi wa mhubiri Paul Mackenzie walifunga kula hadi kufa, nimtafutie. Yeye alitoka msituni hai. Mjukuu wake hakutoka. Alihojiwa, akatia sahihi karatasi ya Kiingereza, wageni wakashukuru wakaenda zao. Hakuna aliyerudi kumwambia, "Mama, kazi imekamilika, njoo uione."

Tuliitazama mpaka pale anapomtaja mtoto kwa jina. Akaweka kiganja juu ya kioo. "Zima, mwanangu."

Sisemi filamu hizi zisitengenezwe. Natamani ziwe nyingi zaidi. Sisi tuliokuwa hapa Aprili 2023 tunakumbuka habari ilivyogeuka hesabu, kila jioni idadi mpya, mpaka miili iliyofukuliwa ikapita 400. Waliookolewa wakafichwa na hesabu hiyo. Tena Juni mwaka huohuo, 65 kati yao walifikishwa mahakamani Shanzu kwa madai ya kujaribu kujiua, kwa kuwa walikataa kula kwenye kituo walikohifadhiwa. Mtu katolewa msituni mifupa mitupu, anasimamishwa kizimbani! Januari 2025 Mahakama Kuu ilisema kifungu cha kumshtaki mtu kwa kujaribu kujiua kinakwenda kinyume cha Katiba, lakini nyuso zao zilikwishaonekana kama za washtakiwa. Mbele ya kamera, manusura anaweza kuwa shahidi wa maisha yake, akaeleza jinsi mtu mwenye akili timamu anavyovutwa hatua kwa hatua hadi akamnyima mwanawe chakula. Mimi sijasoma ripoti iliyonieleza hilo kama alivyonieleza mama huyu.

Ndiyo maana idhini ya siku moja hainitoshi. Familia za kwanza zilikabidhiwa miili Machi 2024, baada ya vipimo vya DNA. Aliyehojiwa kabla ya hapo alikuwa hajazika, na ambaye hajazika husema mengi ambayo baada ya matanga asingeyasema. Arudiwe, aulizwe tena. Aonyeshwe filamu kabla ya mtu wa Nairobi au Ulaya, kwa lugha anayoielewa, iwe Kiswahili, Kigiriama au Kiluhya, maana waliokwenda kule walitoka pande nyingi za Kenya. Akisema kipande hiki kitoke, kitolewe. Wapo watakaosema filamu itapoteza nguvu. Ipoteze.

Pwani tunaujua uchungu wa vya wafu wetu kutazamwa mbali bila ruhusa. Vigango vya Wagiriama, nguzo za mbao za kuwakumbuka wafu, viling'olewa pale vilipokuwa vimesimikwa kwa heshima ya wazee, vikaishia kwenye majumba ya makumbusho Marekani. Kuvirudisha, tena baadhi tu, kumechukua miaka mingi.

Yule mama hataki filamu ifutwe. Anataka jina la mtoto litoke, basi. Nimewaandikia waliomhoji, kwa niaba yake. Barua nilimsomea yote kabla ya kuituma, na mahali pawili alinirudisha nibadilishe.