Ubingwa wa dunia kwenye barafu bila Warusi: taji lina uzito gani?

Pikipiki za mbio za barafuni hazina breki. Zina gia mbili, zinakunywa methanoli, na tairi zake zimechomoza misumari ya chuma yenye urefu wa karibu sentimita tatu. Wapandaji wanne huzunguka uwanja mara nne, na kwenye kona hulala upande wa kushoto mpaka usukani unakaribia kukwangua barafu. Goti la kushoto hufungwa kipande cha tairi kuukuu, maana nalo huburuzwa chini. Ukianguka, unaomba tu anayekufuata awe ameshakuona.

Ubingwa wa dunia wa mchezo huu ulianza 1966, na bingwa wa kwanza alikuwa Gabdrakhman Kadyrov wa Ufa, mji wa Urusi, ambaye hatimaye alifikisha mataji sita. Baadaye Mrusi Nikolai Krasnikov alichukua manane mfululizo, 2005 hadi 2012. Halafu Urusi ikaivamia Ukraine. Machi 2022 shirikisho la kimataifa la pikipiki, FIM, likawafungia wapandaji wa Urusi na Belarusi na kuyaondoa mashindano yaliyopangwa kufanyika huko. Mwaka uliofuata bingwa akawa Martin Haarahiltunen wa Uswidi.

Wanaobeza taji hilo wana hoja. Hebu fikiria marathoni ya dunia ambayo Wakenya na Waethiopia wamezuiwa getini: mshindi atapatikana, medali atavaa, lakini minong'ono haitakwisha. Na mchezo huu umeegemea taifa moja kuliko hata marathoni. Per-Olof Serenius, Mswidi, alitwaa ubingwa 1995 na tena 2002 akiwa ameshavuka miaka hamsini, na heshima yake yote inatokana na jambo moja: Warusi walikuwepo, akawashinda.

Upande wa pili nao hauna hoja nyepesi. Michezo ya pikipiki ya Kisovieti ililelewa na DOSAAF, chama cha kuandaa raia kwa ajili ya jeshi, kwa hiyo anayesema michezo na dola ni vitu viwili mbalimbali anasahau historia. Na Haarahiltunen amekosa nini? Hakuandika yeye orodha ya washiriki. Kwenye mstari wa kuanzia alisimama na waliokuwepo, na misumari haiulizi uraia wa mguu inaoukata.

Mimi naona kufungia kulikuwa sahihi, na bado naona taji lilipungua uzito. Sioni kwa nini nilazimike kuchagua moja. Ila kinachonisumbua zaidi ni barafu yenyewe. Ufa, Togliatti, Krasnogorsk, miji ya Urusi: huko majira ya baridi hukutengenezea uwanja, na kijana hufanya mazoezi wiki baada ya wiki. Ulaya Magharibi mashindano makubwa yamebaki kuombea nafasi kwenye viwanja vya watelezaji, kama Thialf ya Heerenveen, Uholanzi, na ule wa Inzell, Ujerumani, ambako barafu hugandishwa kwa mitambo na bili ya umeme lazima mtu ailipe. Misumari ikishapita, barafu hiyo huchimbika mifereji na lazima ikarabatiwe kabla watelezaji hawajarudi.

Mswidi au Mjerumani anayetaka kufikia kiwango cha Krasnikov anahitaji saa nyingi juu ya barafu kabla ya kuhitaji wapinzani. Saa hizo atazipata wapi?