Alfie Siye Huyo

Ile klipu ya harusi niliyopiga muziki mmeshaiona, na aliyeirusha ni rafiki yangu wa kufa na kuzikana, Mungu amlipe. Tatizo kaanzia katikati, bi harusi ameshaganda mlangoni kama sanamu la Askari. Ngojeni niwape mwanzo.

Bwana harusi alitaka bibi aingie na wimbo "Alfie", ule wa Burt Bacharach na Hal David. Cilla Black aliuimba, na Cher naye sauti yake ikatumika filamu ilipoonyeshwa Marekani, ile ya 1966 ya Michael Caine. Mimi nina santuri imeandikwa ALFIE. Nikatamba nayo kwenye kamati mpaka MC akaitia kwenye ratiba.

Wapenzi wa jazi nawasikia mnavyocheka. Subirini kwanza.

Santuri yangu ni ya Sonny Rollins, mpiga saksafoni wa jazi aliyetunga muziki wa filamu hiyo. Tarehe 26 Januari 1966 aliurekodi upya New Jersey, kwenye studio ya Rudy Van Gelder, Oliver Nelson akapanga ala. Vibao sita, saksafoni, tromboni, gitaa la Kenny Burrell. Anayeimba hayupo, na wimbo wa Bacharach haumo. Majina ya vibao yako nyuma ya jalada. Siku ile mtaalamu wenu nilisoma mbele.

Taa zikapunguzwa. Nikapitisha brashi juu ya santuri, nikaweka mtambo wa santuri kwenye spidi ya 33, nikashusha mkono wa sindano taratibu. Sindano ikagusa: krrr. Shangazi wa bi harusi tayari leso iko jichoni. Bi harusi akanyanyua mguu wa kulia.

Rollins akaingia.

Mguu ukabaki juu. Kibao kile kina mwendo wa kuringa, wa mwanamume anayetoka kwa huyu kwenda kwa yule, maana ndiyo kazi ya Alfie kwenye filamu. Baba mkwe filamu anaijua. Nilimwona akigeuza shingo kumtafuta bwana harusi. Bi harusi akajaribu hatua, mdundo ukamkimbia. Akajaribu tena, matroni akakanyaga shela.

Na kibao hicho ni karibu dakika kumi!

Nikainua sindano. Kimya. Ukumbi mzima unanitazama nikigeuza santuri, maana nilikumbuka mwisho wa upande wa pili kuna kingine chenye jina Alfie. Nikakishusha kwa kujiamini kabisa. Ni muziki uleule, umepangwa kwa namna nyingine tu. Jina lake lenyewe linasema hivyo: "Alfie's Theme Differently". Kile kicheko cha kwenye klipu ndicho hicho.

Nikaongeza sauti nikifunike. Kosa lingine, jamani. Spika za besi zilikuwa juu ya jukwaa lilelile la mbao lenye mtambo: sindano inaokota mtikisiko wa mbao, amplifaya inaukuza, spika inautema, sindano inauokota tena. Vuuuuuu! Besi ilipaswa kukaa sakafuni, na mtambo juu ya kipande cha zege. Nilikuwa nimeuweka juu ya kreti la soda.

MC akanyakua kipaza sauti, vigelegele vikapigwa, bi harusi akaingia, watu wakala pilau. Nimelipwa nusu. Shangazi ameondoka na santuri, kasema itatoka kwake harusi zote za ukoo zikiisha, na ana wapwa kumi na moja hawajaoa.