Serikali ikikamata mali kimakosa, fidia inapotelea wapi?

Katika soko la mtaa wa Kenya, hapa Lubumbashi, Congo, mchuruzi akisema duane (forodha) wamekamata mizigo yake mpakani Kasumbalesa, wenzake humpa pole kama mtu aliyefiwa. Hakuna anayemwuliza atalipwa lini. Ukimya huo unaniuma, maana ibara ya 34 ya Katiba ya 2006 inasema mali ya mtu binafsi ni takatifu: hanyang'anywi ila kwa faida ya umma, tena kwa fidia ya haki inayolipwa kwanza, na mali yake haikamatwi bila uamuzi wa mahakama yenye mamlaka.

Serikali nayo ina hoja, na si ndogo. Kasumbalesa ni mlango mkubwa wa kuingilia kutoka Zambia. Unga, sukari na mafuta ya kula hupita humo kwa malori, na vingine hupita njia za panya usiku. Kodi ya duane hulipa mishahara. Afisa akiogopa kushtakiwa kila anapofungua lori, magendo yatatawala. Kuna pia madai ya uongo: mtu anapoteza mifuko mia anadai elfu, akipata avoka (wakili) mjanja na hakimu mlegevu, hazina inalipa. Anayekamatwa na magendo hana cha kudai, na hilo silibishii.

Lakini historia yetu haitupi sababu ya kumwamini mkamataji. Tarehe 30 Novemba 1973 Mobutu alitangaza Zairianisation, na maduka ya Wagiriki, Wareno na Wahindi yakagawiwa wenyeji waliokaribu na wakubwa. Fidia iliahidiwa. Mwaka 1976 wenye mali waliitwa warudi, na wengi waliorudi walikuta biashara zimeshakwisha.

Mfano unaofundisha zaidi ni wa Ahmadou Sadio Diallo, mfanyabiashara wa Guinea aliyefukuzwa Zaire, kama Congo ilivyoitwa wakati huo, mwezi Januari 1996. Nchi yake iliishtaki Congo katika Mahakama ya Kimataifa ya Haki mjini The Hague, ikashinda mwaka 2010. Ilipofika hesabu ya fidia, Guinea iliomba zaidi ya dola milioni 11. Mwezi Juni 2012 mahakama ilitoa dola 95,000: 85,000 kwa mateso aliyoyapata, na 10,000 tu kwa vitu vyake. Vitu vingi vya thamani alivyodai havikuwemo katika orodha iliyoandikwa nyumbani kwake siku chache baada ya kufukuzwa, na mahakama haikukubali kuvihesabu bila ushahidi.

Hapo ndipo mchuruzi wetu anapoumizwa. Nimeona karatasi ya kukamata mali yenye muhuri mzuri na sahihi mbili, na kwenye nafasi ya bidhaa pameandikwa "bidhaa mbalimbali". Hakuna idadi wala uzito, hata jina la mwenye ghala halimo. Kwa karatasi hiyo, hata hakimu mwadilifu atakosa pa kuanzia. Kwa hiyo hofu ya serikali kuhusu madai yaliyoongezwa inazaliwa na uandishi wa maafisa wake wenyewe. Wakihesabu kila mfuko mbele ya mwenye mali na kumwachia nakala, uongo wa pande zote mbili utapungua.

Kushinda kesi nako hakutoshi. Congo iliingia OHADA, umoja wa nchi za Afrika zinazotumia sheria moja za biashara, mwaka 2012, na sheria zake zinazuia kukamata mali ya serikali ili kulipia deni. Ukiwa na hukumu mkononi, bado unasubiri hazina ya Kinshasa ikupangie zamu. Kinga hiyo ina maana, maana hatutaki magari ya hospitali yapigwe mnada. Ila kinga isiyo na mstari wa fidia katika bajeti inaifanya hukumu kuwa karatasi ya ukutani. Mwekezaji wa kigeni anaweza kukimbilia usuluhishi wa kimataifa kwa mkataba wa nchi yake. Mwenye duka wa Katuba, mtaa wa hapa Lubumbashi, hana mlango huo.

Ningependa deni lililothibitishwa kwa hukumu isiyoweza tena kukatiwa rufaa likatwe kwenye ushuru ambao mchuruzi huyo anatakiwa kulipia mizigo yake inayofuata. Wapo watakaosema huo ni mwanya mpya wa wizi. Sioni hivyo: hukumu inataja kiasi, duane wanajua kila ushuru wanaotoza, na hakuna fedha taslimu inayopita mikononi mwa mtu.