Uso uleule wa Margo Martindale

Watu wakitaka kumsifu mwigizaji kwamba anaweza kila kitu, huanza na mwili wake: kakonda, kajifunza lafudhi mpya, kabandikwa pua ya bandia. Mimi humtaja Margo Martindale. Mama huyu wa Texas, aliyezaliwa mwaka 1951, huja na sura ileile na sauti ileile ya jirani anayekukaribisha ndani ukae, ule. Kinachobadilika ni alichokificha nyuma ya ukarimu huo.

Mtazame akiwa Mags Bennett katika msimu wa pili wa tamthilia ya Justified. Amekaa na mwanamume aliyemkosea, anammiminia pombe yake ya kienyeji, wanazungumza. Yule bwana anakunywa. Ndipo Mags anapomweleza kwamba sumu ilikuwa kwenye glasi tangu mwanzo, haikuwa kwenye mtungi. Hafoki, hakunji uso. Anamshika mkono na kumbembeleza kama anayemlaza mtoto, hadi roho inatoka. Sijawahi kuona muuaji mwenye huruma kiasi kile, na huruma yenyewe ndiyo iliyonitisha.

Mags alimletea Emmy, tuzo kubwa ya televisheni ya Marekani, mwaka 2011, akiwa na miaka 60. Mbili nyingine zikafuata, 2015 na 2016, kwa nafasi ya Claudia, ofisa wa KGB, idara ya ujasusi ya Kisovieti, katika tamthilia ya The Americans. Heshima ilichelewa mno, na jambo hili huniuma. Mwaka 1987 yeye ndiye aliyekuwa wa kwanza kumwigiza mhusika Truvy jukwaani katika mchezo wa Steel Magnolias. Filamu ilipotoka mwaka 1989, Truvy alikuwa mwimbaji maarufu Dolly Parton. Simlaumu Parton, lakini ndivyo sinema inavyowafanyia watu wasio na jina la stelingi: wanampa mhusika uhai, kisha mwingine anakabidhiwa.

Hata akipewa dakika chache, huziacha zimejaa. Katika filamu ya Million Dollar Baby ya mwaka 2004, binti yake bondia anamnunulia nyumba, naye anahesabu msaada wa serikali atakaoukosa. Baadaye binti amelala hospitalini, mwili umepooza, na mama huyo anamwekea kalamu mdomoni ili atie sahihi karatasi za mali. Nilimchukia kabisa.

Halafu nikamwona katika kipande cha mwisho cha Paris, je t'aime, filamu ya hadithi fupifupi, kipande kilichoongozwa na Alexander Payne. Hapo ni Carol, mgawa barua kutoka Denver, anayesimulia safari yake kwa Kifaransa cha mwanafunzi. Yuko peke yake bustanini, ana sandwichi yake, anatazama watu. Furaha na huzuni zinampata kwa pamoja, na kamera inabaki usoni pake. Nimekirudia kipande hicho mara nyingi, nikimtafuta yule mama wa kalamu katika macho yale. Hayumo.