Rosa Mistika apandie basi Igumbilo

Rafiki yangu anataka kuiandika upya Rosa Mistika, riwaya ya Euphrase Kezilahabi, safari hii Rosa akiwa dada wa kazi huko Muscat. Wazo zuri. Nikamwambia basi aanzie kwetu Iringa: binti apandie basi Igumbilo alfajiri, baridi ya Juni ikimng'ata masikio, kajifunika sweta la mdogo wake.

Tuligombana kuhusu Zakaria, baba yake Rosa. Mwenzangu anataka kumwacha nje ya kitabu, eti riwaya ya uhamiaji haina kazi na baba mlevi. Mimi nasema ukimtoa Zakaria umebaki na kisa cha msichana aliyeharibika, na hivyo tunavyo tele kwenye mahubiri. Mwaka 1971 Kezilahabi alituonyesha baba aliyempiga binti yake kwa sababu ya barua ya mvulana, akambana mpaka siku alipotoka nyumbani hakujua lolote kuhusu wanaume zaidi ya kuwaogopa.

Zakaria wa huku namjua. Mvua za kifuku zikishika na ulanzi, pombe yetu ya mianzi, ukawa mtamu, haonekani kwake mpaka giza liingie. Binti akipokea simu, anafoka: "Nani huyo?" Lakini aje wakala na habari za mshahara wa Uarabuni! Baba yule yule asiyemruhusu binti kwenda hata gulioni peke yake, sasa anambariki avuke bahari kwa watu asiowajua. Hapo ningekaa sura tatu nzima.

Huko Muscat kibali cha kukaa kinamfunga kwa mwajiri, pasipoti imefungiwa kabati la mama mwenye nyumba, simu anapewa Ijumaa. Rosa hashangai, kalelewa hivyo. Na huenda bibi wa nyumba hiyo akamfokea kwa Kiswahili kizuri kuliko chake, maana Waomani wenye asili ya Zanzibar wako wengi kule. Mwandishi asiikose hiyo.

Kezilahabi alimwacha Rosa ajiue baada ya mchumba kumkataa. Mimi nisingemuua. Ningemshusha Ipogolo, hapa hapa Iringa, usiku, begi moja mkononi, na wa kwanza kumwona amlaki kwa furaha:

"Kamwene, Rosa! Umetuletea nini?"

Rafiki yangu anasema huo si mwisho wa riwaya. Anataka kujua Rosa alijibu nini.